Nusu Eka ya Nateete

Nilikana kwa miaka mingi kwamba niliigusa ile hesabu. Nilikana mbele ya mama. Nilikana mbele ya mjomba wangu sajini, aliyechuchumaa ili macho yake yalingane na yangu. Na nilipokuwa mtu mzima nikakana mbele ya mume wangu, ambaye hata hakuwa ameniuliza. Leo nasema: niliigusa. Nilikuwa na miaka tisa, mwandiko mzuri, na imani kwamba katika mtaa wetu wote wa Kyebando, Kampala, hapakuwa na mtu wa kunishinda akili. Imani hiyo imepungua. Mwandiko nao umekwenda.

Kilichonirudisha huko ni harufu. Nilikuwa saluni, nimefunikwa kichwa kwa mfuko wa plastiki, nasubiri ile dawa nyeusi inayotuwezesha sisi wa rika langu kudanganyana kwa adabu kuhusu mvi. Dawa ile ina amonia. Machozi yakaanza kunitoka, msichana wa saluni akaomba radhi, nami sikuweza kumweleza kwamba kosa halikuwa lake, lilikuwa la shati la baba. Baba alikuwa mpimaji ardhi wa serikali, na ramani za ofisini kwao zilichapwa kwa mashine iliyotumia amonia. Alirudi nyumbani kila jioni akinuka hivyo, na mimi utotoni niliamini kwamba hiyo ndiyo harufu ya ardhi yenyewe, ikishapimwa.

Nyumbani tulizungumza Kiswahili kwa sababu wazazi wangu hawakuwa na lugha nyingine ya kugombana. Mama alikuwa Mnubi wa Kisenyi, mjukuu wa askari wa zamani. Baba alikuwa Mwacholi aliyekuja Kampala na cheti, miwani, na jina la kaskazini ambalo mwanzoni, kabla jeshi halijatwaa nchi, halikumdhuru. Mama alifunga Ramadhani, baba alikwenda kanisani, mimi nilikula sikukuu zote. Kiswahili chetu kilikuwa cha kambini, na ngeli zake zilikuwa kama viatu katika nyumba yenye watoto wengi: anayewahi ndiye anayevaa. Hiki ninachoandikia nilikipata baadaye, kwanza kwa fimbo, kisha kwa chuo kikuu.

Kazini kwa baba kulikuwa na sheria moja aliyoiheshimu kuliko kanisa: hesabu moja, watu wawili. Wa kwanza anakokotoa. Wa pili anapewa vipimo tu, bila jibu, anakokotoa upya peke yake. Kisha wanaweka karatasi zao pamoja, na majibu yakipatana ndipo inapotiwa sahihi. "Mtu hawezi kujikagua mwenyewe," baba alipenda kusema. "Jicho lililokosea ndilo litakalotazama." Lakini miaka ile watu wa pili walikuwa wakipungua. Mmoja alivuka mpaka kwenda Nairobi na mke na godoro. Mwingine alitoka kwenda kula chakula cha mchana akaacha koti lake kwenye kiti. Koti likabaki pale, wiki zikapita, na hakuna aliyekikalia kile kiti wala aliyeuliza. Ndipo baba alipoanza kuleta hesabu nyumbani, na mimi nikapata cheo. Aliniita Karani. Nilipanda kazi kwa njia ambayo wengi walipanda wakati ule: waliokuwa mbele yangu walitoweka.

Hesabu zenyewe zilikuwa za kutafuta eneo la ardhi isiyonyooka. Shamba la pembe nne halina shida, unazidisha urefu kwa upana ukalale. Lakini Kampala ni vilima na vinamasi, na kinamasi hakijui rula. Upande mmoja una barabara iliyonyooka, upande wa pili mafunjo yanaingia na kutoka yanavyotaka yenyewe. Utapimaje? Baba alinionyesha kwa gazeti. Alichora mstari chini, juu yake akachora mkunjo kama mgongo wa ng'ombe, kisha akachukua mkasi wa mama, mama akapiga kelele, naye akaukata ule mchoro vipande virefu vya upana sawa, kama mtu anayekata mkate.

"Tazama kipande kimoja. Juu kimepinda, siyo? Lakini kimepinda kidogo tu. Jidanganye kwamba kimenyooka."

Alisema hivyohivyo: jidanganye. Kipande kikishanyooka, kazi ni ndogo. Unajumlisha kimo cha kushoto na cha kulia, unagawa kwa mbili, unazidisha kwa upana. Fanya hivyo kwa kila kipande, ujumlishe vyote. Na kuna njia ya mkato. Kila mstari wa kimo ulio katikati unahudumia vipande viwili, cha kushoto kwake na cha kulia kwake, kwa hiyo unauhesabu mzima. Mstari wa kwanza na wa mwisho kila mmoja una kipande kimoja tu cha kuhudumia. Hiyo miwili unaichukua nusu.

"Karani, ukisahau mambo yote, usisahau kugawa mbili ule wa kwanza na ule wa mwisho. Hapo ndipo watu wanapoongeza ardhi ambayo Mungu hakuiumba."

"Na hilo ndilo jibu la kweli, baba?"

"Hapana. La kweli hatulipati hapa. Tunapata la karibu. Ukikata vipande vyembamba zaidi, unakaribia zaidi."

Nilikaa na maneno hayo siku nyingi. Shuleni kwetu jibu lilikuwa na alama ya vema au kiboko, hapakuwa na la karibu. Kumbe watu wazima, wenye ofisi na mihuri, walikuwa wakitoa majibu ambayo wenyewe wanajua si ya kweli, na hakuna anayewachapa! Nikaelewa, kwa akili yangu ya miaka tisa, kwamba kama hakuna jibu la kweli, basi namba ni mali ya anayeiandika.

Sasa akaja Kapteni. Alikuwa amepewa shamba Nateete, kando ya kinamasi; wenyewe wa zamani, Wahindi, walikuwa wamefukuzwa nchini na sanduku moja moja. Barua aliyopewa ilisema eka tano. Alitaka karatasi ya vipimo yenye sahihi ili ajenge ua, na alitaka karatasi hiyo iseme eka tano, maana katika jeshi lake barua haikosei. Baba alikwenda Nateete siku mbili na mnyororo wa kupimia. Alirudi na matope mpaka magotini na kitabu cha vipimo kilicholowa pembeni, akaanza kukokotoa siku ya Jumamosi baada ya chakula cha mchana, mezani, kwa penseli.

Nilimtazama akimaliza. Akafuta, akaanza tena. Akamaliza tena, akaweka penseli chini taratibu, kama kitu kinachoweza kulipuka.

"Nne na nusu," akasema.

Mama alikuwa anachagua mchele kwenye ungo. "Barua inasema ngapi?"

"Tano."

"Basi."

"Basi nini?"

"Basi ni tano, Mzee. Mtu mwenye bunduki amekupa namba. Ya kwako unaipeleka wapi?"

"Mama, ardhi haisomi barua. Nikiandika tano atajenga ua wa eka tano. Ardhi itamwishia njiani. Halafu atageuka kumtazama jirani."

Jirani mwenyewe alikuwa mjane mmoja ambaye watu walimwita Nnalongo, kama Waganda wanavyomwita kila mama wa pacha. Migomba yake ilianza pale ambapo mstari wa mwisho wa baba uliishia. Katika zile siku mbili alimpa baba maji ya kunywa, na mara moja matooke kwenye jani.

"Na ukiandika nne na nusu?" mama akauliza.

Baba alifuta miwani yake kwa pindo la shati. Akaniambia, "Karani, vipimo hivi hapa. Kokotoa, ukimaliza nakili kwa wino. Nikitoka kuoga tutalinganisha." Akachukua taulo, akaenda kwenye bafu la mabati nyuma ya nyumba.

Niliketi kwenye kiti chake. Mistari ilikuwa kumi na moja. Tisa ya katikati nilijumlisha nikapata arobaini. Wa kwanza na wa mwisho pamoja ilikuwa kumi; nusu yake tano. Arobaini na tano, na kwa kuwa kila kipande kilikuwa na upana wa mnyororo mmoja, kila kumi hufanya eka moja. Nne na nusu, kama baba. Niliona fahari kidogo. Halafu nikaitazama ile kumi. Nikaiona jinsi ilivyokaa pale, nzima, haijagawanywa. Arobaini na kumi ni hamsini. Hamsini ni eka tano.

Sikuongeza tarakimu hata moja, naomba ieleweke. Niliacha tu kufanya jambo moja dogo. Kama jibu la kweli halipatikani, nilijiambia, hili nalo liko karibu, na ndilo ambalo halitamwachia baba koti kitini. Nikachukua kalamu ya wino nikanakili kwa mwandiko ule mzuri: mistari kumi na moja, yote mizima, jumla hamsini, eka tano. Nikapiga mistari miwili chini ya jibu kama alivyonifundisha.

Wino haujakauka, gari likasimama nje.

Kapteni alikuwa mtu mfupi mwenye sauti ya kukoboa mahindi. Aliingia bila kubisha, askari wake mmoja akabaki mlangoni, akiegemea fremu kana kwamba nyumba ni yake. Kapteni akakaa kwenye kiti cha baba, ambacho nilikuwa nimekiacha haraka.

"Karibu, afande," mama akasema, na sauti yake ilikuwa laini mpaka sikuitambua. "Utakunywa chai. We mtoto, washa sigiri."

Sigiri ni jiko letu la makaa, na makaa hayashiki bila karatasi. Mezani palikuwa na karatasi mbili, ya wino na ya penseli. Nilichukua ile ya penseli ya baba, nikaikunja, nikatoka nayo uani, nikaitia chini ya makaa, nikawasha kiberiti. Nilisimama nikiitazama mpaka ile nne na nusu ikawa nyekundu, kisha nyeusi, kisha hakuna.

Niliporudi, baba alikuwa amesimama katikati ya chumba, maji yanamtiririka shingoni, shati limefungwa vifungo kombo.

"Mpimaji!" Kapteni alikuwa anasema. "Mimi nangoja mpaka lini? Mimi napita hapa, nasema wacha nachukua karatasi yangu."

"Iko, afande. Bado kulinganisha tu."

"Kulinganisha na nini? Na hewa?" Askari wa mlangoni akacheka. "Sikia. Nyinyi watu ya kupima nakula ardhi na penseli, mimi najua. Ile rafiki yako ya kwanza alileta kwangu nne na nusu. Mimi namwuliza, barua nasema tano, hii nusu nani nakula? Yeye nasema, hakuna, afande, ardhi iko hivyo." Akajipangusa mdomo. "Sisi namwambia, basi wewe tapika."

Hakuna aliyecheka sasa, hata askari. Nilimfikiria mwenye lile koti. Nadhani baba naye alimfikiria, maana mkono wake ulinyooka kuelekea meza bila yeye kuutazama. Nikampa ile karatasi yangu. Aliiinamia. Nikaona mgongo wake, nikaona kiwiko kikienda, nikasikia kalamu. Kisha akampa Kapteni.

Kapteni alisoma kwa kidole, akiruka tarakimu zote mpaka mwisho. "Ta-no," akasema. Akarudia, "Tano!" na uso wake wote ukafunguka kama wa mtu aliyepata mtoto wa kiume. "Ndiyo hii sasa! Hii ndiyo msomi! Kijana, leta ile kitu kwa gari."

Ile kitu ilikuwa mfuko wa sukari. Mama alikuwa hajaona sukari miezi miwili. Kapteni aliuweka mezani kwa mkono wake, akanikamata shavu. "Na hii ndogo?"

"Karani wangu," baba akasema.

"Karani! Andika vizuri, eh? Baba yako ataishi."

Walipoondoka, chai ilikuwa bado haijachemka. Baba alibaki amesimama. Akainua gazeti, akainua kitabu cha vipimo, akatazama chini ya meza.

"Karatasi yangu ya penseli iko wapi?"

"Sijui," nikasema. Na kwa kuwa mwongo wa miaka tisa hajui kunyamaza, nikaongeza, "Mimi nilinakili ulichoandika, baba."

Alinitazama. "Haya," akasema. Akaendelea kuitafuta mpaka jioni, akapekua hata kwenye pipa. Nilidhani anaitafuta ajue kama amekosea.

Tulikunywa chai tamu kwa wiki tatu. Katika wiki ya nne, asubuhi moja, akaja mwanamke aliyetembea kwa miguu kutoka Nateete mpaka kwetu Kyebando, ukingo wa gomesi lake, lile vazi refu la Kiganda, umejaa matope. Alipiga magoti mlangoni kumsalimu mama kama desturi yao ilivyo, kisha hakuinuka.

"Nnyabo, mimi ni yule wa migomba. Mupimaji yuko?"

Baba akatokea. "Nnalongo. Kuna nini?"

"Ssebo, wamekuja na nguzo. Wamepima, wamepima, nchi ikaisha. Nikawaambia, nchi imeisha, mipaka ni hapa. Wakasema hapana, kalatasi inasema bado." Alisema bila kupaza sauti, kama mtu anayeeleza njia. "Wamekata migomba safu tatu. Kalatasi yako ndiyo inakula matooke yangu, ssebo. Mimi sina kitu ingine."

Mama alisimama mlangoni mbele ya baba. Sikuwahi kumwona akimzuia njia. "Mzee, acha. Nitazungumza na kaka yangu, yeye ni sajini, atajua wa kumwona. Usiende wewe. Jina lako usilipeleke kule."

"Jina langu liko kule tayari," baba akasema. "Limeandikwa chini ya karatasi."

Akachukua mnyororo wake, akaondoka na Nnalongo.

Aliyerudi mchana ule ni Nnalongo peke yake. Alikuwa amebeba viatu vya baba, vimefungwa pamoja kwa kamba zake. Baba alivivua, Nnalongo akasema, ili aingie kinamasini na mnyororo kuwaonyesha mahali ardhi inapokoma. Alimwambia Kapteni mbele ya askari wake: "Karatasi ndiyo imekosea, afande. Ardhi haijakosea." Kapteni akamjibu, "Karatasi iko na sahihi yako." Wakamtia kwenye gari akiwa na matope miguuni. Nnalongo alikwenda na viatu kwa sababu hakujua kitu kingine cha kufanya, na sisi tukavipokea kwa sababu hiyohiyo.

Siku kumi na moja. Mama alipika kila siku akapeleka chakula kwenye geti la kambi, na kila siku akarudi na bakuli tupu, na hakujua nani amekula. Mimi nilikwenda shule, nikapata vema katika hesabu zote. Siku ya tano akaja mjomba sajini, amevaa nguo za kiraia. Alizungumza na mama kwa Kinubi, haraka, kisha akaniita, akachuchumaa.

"Mwanangu, sikiliza vizuri. Wanasema baba yako alikula nusu eka, akaficha, halafu akaja kuikana. Yeye anasema alisahau kugawa mbili, lakini hakuna anayemwamini. Kama kuna karatasi yake ya kwanza, ya penseli, tuonyeshe. Waone kwamba tangu mwanzo alipata nne na nusu, hakula kitu. Wewe ulikuwa hapo. Iko wapi?"

"Sikuiona."

"Na ile ya wino uliandika wewe. Uliandika sawasawa?"

"Sawasawa."

Mama alikuwa ananitazama. Nilitazama mkono wa mjomba, kovu dogo kwenye kidole gumba, na nikafikiri: nikisema sasa, watanichukua mimi pia, na nani atavibeba viatu vyangu. Huo ndio ujasiri niliokuwa nao. Nimeupima mara nyingi tangu hapo na sijaupata mkubwa zaidi.

Siku ya kumi na moja baba akaingia kwa mlango wa nyuma, bila viatu, amekonda, akaomba maji. Ua wa Kapteni ulirudishwa nyuma mpaka mahali pa kweli, na Nnalongo akabaki na migomba yake, kasoro safu tatu. Kwa nini hasa, hakuna aliyetueleza, na miaka ile neema ulikuwa huiulizi inatoka wapi. Yaliyompata baba ndani hakuyasema. Alisema jambo moja tu, kwa mama, kwa mjomba, kwa kila jirani aliyekuja kumpa pole: "Nilisahau kugawa mbili."

Mwezi uliofuata aliacha kazi. Hakufukuzwa, alipeleka barua. Mtu anayesahau kugawa mbili, alisema, asipewe mnyororo. Tulihamia kwao, karibu na Gulu, akawa mwalimu wa hesabu katika shule yenye madirisha yasiyo na vioo. Shule yangu ikifunga mapema kuliko yake, nilikaa nyuma ya darasa lake. Alichora mkunjo ubaoni, akaukata vipande, akafika kwenye mstari wa kwanza na wa mwisho, akageuka. "Mnamwona huyu mwalimu wenu? Alikuwa mpimaji wa serikali. Alisahau kugawa mbili, akapewa siku kumi na moja za kukumbuka." Darasa zima likaangua kicheko. Alicheka nao. Kila mwaka, kila darasa jipya, alijitoa achekwe kwa kosa langu, na mimi nilikaa nyuma nikiwa na umri wa miaka kumi na miwili, kumi na mitatu, kumi na sita, nikatazama kucha zangu. Chuo kikuu niliikimbia hesabu nikasomea fasihi, nikidhani kwamba huko hakuna mtu anayeumizwa na jibu.

Mama ametangulia. Baba yupo, ana miaka zaidi ya themanini, anafuga kuku na kuwagombeza. Nilitoka nje ya saluni na mfuko wangu wa plastiki kichwani nikampigia simu kabla woga haujanirudia.

"Karani," akasema. "Unalia?"

"Ni dawa ya nywele, baba."

Nikamwambia. Nilianza na ile kumi isiyogawanywa, nikaenda mpaka kiberiti, mpaka mjomba, mpaka nyuma ya darasa lake. Nilisema yote kwa pumzi moja, wapita njia wakanitazama. Nilipomaliza nikasikia kuku wake, na mbali zaidi redio ya mtu.

"Kwa hiyo ni wewe uliyeichoma," akasema. "Miaka yote nilidhani ni mama yako."

"Nisamehe, baba. Mjomba aliitaka. Ingekutoa."

"Ingeniua. Mjomba wako alikuwa mtu mwema, lakini hesabu hakujua. Ile karatasi ilionyesha kwamba mimi nilijua ni nne na nusu, na nikaweka sahihi kwenye tano. Unafikiri niliitafuta kwenye pipa niifanyie nini? Niliitafuta niichome."

Sikuelewa upesi. "Lakini hukuisoma ile ya wino. Kapteni alikuharakisha, ukasaini tu."

"Niliisoma. Mistari kumi na moja, yote mizima. Mimi ndiye niliyekufundisha, nisione? Nikaona hamsini, nikaona tano, nikamwona yule mtu amekaa kwenye kiti changu. Nikasaini."

"Ulisema ulisahau. Darasani, baba. Kila mwaka."

"Ulitaka niseme nini? Mtu akisahau, watoto wanacheka. Akiogopa, hawacheki." Alikohoa, akamfukuza kuku kwa Kiacholi, akarudi kwenye simu. Sauti yake ilikuwa kali, ile aliyoitumia kwa mwanafunzi anayejibu swali ambalo hakuulizwa. "Na wewe usijisifu. Wewe ulikuwa mtoto, uliandika. Mimi nilikuwa mpimaji, nilisaini. Yule mtu akirudi leo akae pale, na wewe umesimama pembeni, nitasaini tena. Halafu nitakwenda tena Nateete. Kuna lingine?"

"Hapana, baba."

"Basi," akasema, akakata simu.